Yule Mzee wa Kirusi Aliyeomba Msamaha

Baba Neema, mume wangu,

Najua ninyi mliotangulia huko hamjibu barua, ila hili sina mwingine wa kumwambia.

Zile sinema zako za Kirusi bado ninazo. Unakumbuka Jumapili zetu hapa Kanyenye? Tukitoka kanisani unaweka hadithi moja ya wale waandishi wao wa zamani, iliyotengenezwa kwa ajili ya runinga. Mimi naleta chai na michembe ya viazi vitamu, nawe unanitafsiria, maana Kirusi ulikisoma hukohuko kwao ujanani. Ulikuwa na maneno wewe. Wazee wamevaa makoti ya manyoya, theluji magotini, eti wanaamkiana kwa Kinyamwezi chetu, “mwangaluka”. Nilicheka mpaka chai ikanipalia.

Siku moja mzee mmoja alikaa mezani na mkewe. Ukatafsiri polepole, bila utani: “Anasema, nisamehe mke wangu. Mtoto alikuwa anaumwa, ukaniita, sikuja.”

Nikakujibu, macho kwenye runinga: “Huyo mwanamke asimsamehe hata kidogo.”

Hadithi iliyobaki tukaitazama bila mkalimani, nami nikadhani umechoka.

Neema wetu alifariki wewe ukiwa zamu stesheni ya reli ya Kigwa. Nilikuita mara mbili, ulikuja kuzika. Miaka yote ile hatukulizungumza. Nilikupikia, nilikufulia, nilikuuguza, ila msamaha nilikunyima.

Juzi Sesilia, mtoto wa mdogo wangu, aliipata hadithi ileile kwenye simu, na maandishi ya Kiingereza chini. Nikamwomba anisomee pale mzee anapokaa mezani na mkewe. Akasoma, nikamwambia arudie.

“Mama mkubwa, huyu mzee anaomba chai tu. Anasema ya kwanza imepoa.”

Kumbe maneno yale yalikuwa yako. Mwanamume mzima, unajificha nyuma ya Mrusi. Nilikukasirikia siku tatu. Ningejua ni wewe unayesema, ningejibu vingine? Natamani kusema ndiyo, lakini sina hakika. Moyo wangu ulikuwa mgumu na wewe ulinijua, ndiyo maana ukamtuma yule Mrusi. Sasa nyumba imepoa, kwenye kiti chako naweka nguo za kupiga pasi, na upweke huu unaniuma kuliko nilivyotegemea.

Yule mama wa kwenye sinema alimmiminia mumewe chai nyingine, hakusema kitu. Mimi nasema. Nimekusamehe, Baba Neema. Nawe unisamehe kwa jibu nililokupa.

Mkeo,
Mama Neema