Barua Iliyorudi Kutoka Kiwandani

Euless, Texas, Oktoba 2018

Mume wangu mdogo Baraka,

Nakusalimu kutoka huku kwa mama yako. Anarudi kutoka kazini amechoka, lakini mzima. Mimi ni magoti tu.

Umeniuliza, kwa ajili ya insha yako ya chuo huko Houston, kama kweli baba yangu alikuwa na gari la ile kampuni ya Kimarekani iliyodumu miaka michache tu. Ni kweli. Alilinunua kuukuu kule Morogoro, akawa anabeba wagonjwa na mazao. Gia ilipovunjika, hakuna duka lililokuwa na kipuri chake. Mimi ndiye niliyekuwa nimesoma, basi nikamwandikia barua kwenda kiwandani, Marekani. Tukangoja miezi.

Barua ilirudi haijafunguliwa. Juu yake mtu wa posta alikuwa ameandika kwamba kiwanda kilifungwa zamani. Nilimsomea baba huku naogopa, maana gari lile ndilo lililotulisha. Akauliza, "Na wale mafundi walikwenda wapi?"

"Hawakuandika, baba."

"Masikini," akasema. "Watu waliojua kazi namna ile."

Akaliosha gari, akalifunika turubai, akarudi kwenye jembe. Hakuendesha gari tena mpaka anakufa, na swali lake sikuwahi kulijibu.

Vitabuni mwako nadhani yamo majina ya wenye kampuni. Ukikutana na jina la fundi, hata mmoja, nipigie simu unitajie. Jumapili nitamwombea kanisani, yeye pamoja na marehemu baba.

Bibi yako akukumbukaye,
Mama Stella