Sentensi ya Mzee Kibii

Subukia, 3 Februari 2025

Jemutai,

Habari ya huko Nakuru? Wewe na kazi mko salama? Huku mvua imekataa, lakini ng'ombe wanajaribu. Baba yako alianguka zizini kabla ya Krismasi. Kiharusi, stroke. Mkono wa kulia haufanyi kazi na maneno yameisha kabisa. Akitaka kitu ananguruma tu, halafu anakasirika mpaka analia. Lakini Jumapili kanisani aliimba wimbo mzima, maneno yote! Mwanangu, si hii ndiyo kazi yako, ubongo na lugha? Umepima vichwa vya watu miaka yote hiyo. Saidia cha baba yako.

Ni mimi mama yako.

Nakuru, 20 Februari

Mama,

Salamu nyingi. Pole kwa kumuuguza. Mimi ni mzima.

Hakuna cha kushangaa. Upande wa kushoto wa ubongo ndio hubeba maneno, na wake umeharibika. Kuimba kunatumia wa kulia pia. Kwa hiyo mfundishe sentensi kama wimbo: shika mkono wake wa kushoto, gongeni meza polepole, imbeni pamoja, halafu mwachie amalize. Asubuhi na jioni.

Sentensi ya kwanza nachagua mimi: "Jemutai ni mtoto wangu." Si alisimama mbele ya kanisa nilipokataa kuolewa na rafiki yake, akasema mimi si damu yake? Basi aimbe pale pale. "Maji" na "choo" zitangoja yangu iishe. Na usiniambie nimhurumie. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu.

Binti yako wewe peke yako.

Subukia, 12 Mei

Jemutai,

Hujambo? Nilikuomba tuanze na maji, ukaninyamazia. Haya, jana aliimba, mbele ya kanisa kabisa. Milcah, yule aliyekucheka siku ile, alilia kwa sauti. Nimekutumia sauti kwa simu. Umeridhika?

Mama yako.

Nakuru, 13 Mei

Mama!

U mzima? Nimesikiliza mpaka simu ikazima. Ndiyo, nimeridhika, na sioni haya! Sasa mfundishe "nataka maji" vile vile. Atashika haraka.

Binti yako.

Subukia, 30 Julai

Jemutai,

Leo sikuulizi hali.

Kila nikigonga meza anaanza: Jemutai ni mtoto wangu. Akiwa na kiu, hiyo. Akisalimiwa na mama wa maziwa, hiyo hiyo. Anajua si hilo alilotaka kusema, maana anajipiga mdomo kwa kiganja. Ulijua itakuwa hivi? Kama ulijua, Mungu akusamehe, mimi bado. Kama hukujua, ulisomea nini?

Leo anaita tangu asubuhi. Maji amekataa, chai amekataa, blanketi ametupa. Nimechoka kubahatisha. Jumamosi asubuhi naenda kwa dada yangu Njoro, nami nitamwacha kwenye kiti hapo nje. Njoo wewe. Ukimsikia akisema wewe ni mtoto wake, jaribu kwanza kumpeleka choo.

Mama yako.