Gambuti za Baba

Jumanne, Itumbe

Tena yule msichana wa Australia! Ana miaka ishirini na mmoja kama mimi, anatunga na kupiga gitaa kama mimi, lakini nyimbo zake za kantri zinachezwa redioni hadi huku shambani kwetu.

Leo tukichuma chai, Mama, ambaye hajui Kiingereza, aliniomba nimtafsirie mmoja. Wivu ukanishika. Nikampa maneno ya wimbo wangu mwenyewe, ambao sijawahi kumwimbia mtu: tangu tumzike Baba, gambuti zake bado ziko mlangoni.

Mama akaacha kuchuma, akalia.

"Kumbe hata kwao ni hivyo? Huyu mtoto anajua kuimba. Na wewe na hilo gitaa lako, mbona hutungi kitu kama hiki?"

Nikamwambia nitajaribu.