Sauti Iliyotoka Edani

Jumatano, 20 Novemba 1963

Nimeamka, nimeoga, nimevaa nguo zilezile nyeupe. Hakuna manukato, hakuna wanja, hakuna kutoka nje. Ndiyo eda, miezi minne na siku kumi tangu mume wangu Salimu afariki. Uji umeungua kwa kuwa wifi yangu Mwanakombo hana subira na moto. Nimekunywa hivyo hivyo.

Bakari amekuja kutoka Diani, ameleta samaki na sabuni. Mwanangu wa pekee. Huniamkia kwa sauti ya chini kama mtu aingiaye kwa mgonjwa. Matangani wanawake walinong'ona kwamba sikumtolea Salimu hata chozi. Bakari akawajibu kwamba mamake hulia ndani kwa ndani. Nikamwacha aamini. Sikulia kwa sababu machozi hayakuwapo.

Jumamosi, 23 Novemba

Bwana Hemedi amepita. Sikumwona. Nimesikia sauti tu, dirishani, akizungumza na Mwanakombo. Niliijua hapo hapo. Ndiye aliyekuwa akituongoza katika michezo ya redio kule Mombasa, Bakari akiwa mdogo. Salimu ndiye aliyeikomesha. Wenzake walimcheka kwamba mkewe anasikika mpaka kwenye mikahawa. Akanihamishia kwao, hapa Msambweni. Miaka kumi na minne. Sijamsamehe.

Hemedi ana mchezo wa wiki ya Uhuru. Anatafuta wa kuigiza mwanamke ambaye mumewe amefia kizuizini. Anasema wasichana anao tele, ila wanalia kama wanaopiga chafya. Nimecheka. Mwanakombo amenikata jicho.

Alhamisi, 28 Novemba

Nimemwambia Bakari nataka kuigiza. Amekataa. Hakufoka. "Mama, subiri eda ikwishe. Kaburi la baba halijakauka."

Nimesema sawa. Uongo mtupu. Uhuru hausubiri eda yangu. Nina miaka arubaini na sita, na mwakani watakuwa wamepata mwingine. Mwalimu wa msikiti sikumuuliza. Naogopa jibu lake.

Jumatatu, 2 Desemba

Nimefanya.

Mashine ya kunasa sauti iliwekwa sebuleni, Hemedi upande wa pili wa pazia, kipaza sauti kikapitishwa chini. Mwanakombo alikubali kuketi nami ili pasiwe na neno. Aupenda Uhuru kuliko anavyonipenda mimi.

Mwanzoni sauti ilikuwa na kutu. Kisha pakafika mahali pa kulia. Sikujua ningelia vile. Kilio kilitoka tumboni, kirefu, kuku wakatimka uani. Sikuwa nikimlilia mume yeyote. Nilijililia mwenyewe, na miaka ile. Na nilifurahi. Aibu, lakini nilifurahi mno.

Kufumbua macho, Mwanakombo amesimama. Salimu ni kakake. Kilio kile alikuwa akikingoja tangu siku ya maziko. Akatoka.

Nimemwomba Hemedi asitaje jina langu.

Jumanne, 10 Desemba

Mchezo ni kesho. Chakula hakipiti. Mwanakombo anapika, anakitua, anaondoka.

Najiambia Bakari atakuwa kazini, jikoni mwa hoteli ya Wazungu, hatasikia. Nani huyo ninayemdanganya? Wiki hii redio ziko wazi kila mahali.

Ijumaa, 13 Desemba

Nchi ina bendera yake. Vifijo vya jana vilinifikia humu ndani.

Bakari amekuja asubuhi. Hakusema shikamoo. Alisimama mlangoni akanisimulia bila kunitazama. Kule jikoni wapishi waliacha masufuria wakasogelea redio. Mmoja akajifuta macho na aproni. Wakaulizana huyu ni nani mwenye uchungu hivi. Yeye alinijua kabla sijamaliza neno la kwanza.

"Kumbe machozi unayo," akasema. "Baba ndiye uliyemnyima."

Ningeweza kumweleza babake alininyima nini. Nilikuwa nayo yote mdomoni. Lakini anampenda, na mwenyewe hayupo kujitetea. Bakari akaweka kikapu chini, akaenda zake.

Ndani mlikuwa na samaki. Hata leo ameleta samaki.

Jumapili, 22 Desemba

Hemedi ametuma salamu. Watu wanauliza yule mwanamke ni nani. Anataka niende Mombasa nikitoka edani, kuna kazi kila wiki.

Nimefurahi. Nikatafuta mtu wa kumwambia. Mwanakombo amehamia kwa dadake. Majirani wanapita wakitazama mbele. Bakari hajaja.

Nimeliambia birika.

Jumatano, 15 Januari 1964

Eda imekwisha.

Mjane hutolewa edani na watu wake. Mimi nimejitoa. Nimeoga, nimetia wanja kidogo, nimefua zile nyeupe. Nguo za Mombasa nimezifunga, gari ni kesho. Kisha nikafungua mlango wa mbele, nikaweka viti viwili, nikangoja. Adhuhuri ikaadhiniwa. Bakari hakuja. Nikarudisha viti ndani.

Nimeketi kitandani nikamlilia mwanangu. Kilio cha kweli. Hakuna pazia, hakuna mashine, hakuna wa kunisikia. Katikati yake nikajigundua nakisikiliza. Hapa kimepanda mno. Nikakishusha kidogo kuelekea mwisho, kikakaa vizuri.

Nikanyamaza. Nimetoka nje kuanika zile nguo nyeupe.