Muziki wa Taarifa ya Habari

Jumatatu, 2 Machi 2015. Louisville
Mimi nimezaliwa na bahati. Wenzangu ghalani wanafunga maboksi wamenuna, mimi nafunga nikipiga mluzi wa wimbo wangu mwenyewe, ule uliofungua taarifa ya habari televisheni ilipoanza kwetu Bujumbura. Ulinidondokea kichwani nikiwa naoga. Na shule niliishia darasa la tano, tena nusu yake nilikuwa nachunga mbuzi wa mwalimu.
Leo kanipigia simu Evelyne, binti wa kwetu, anasoma chuo kikuu Columbus. Anaandika kitabu juu ya wanamuziki wa televisheni ya zamani. Kasikia sifa zangu kanisani. Nani hajazisikia.

Jumamosi, 7 Machi. Columbus
Chumba kidogo karibu na chuo. Vitabu mpaka kitandani. Chai ya tangawizi, nzuri. Akawasha kinasa sauti.
Nikamweleza. Siku zile ulipiga muziki kamera ikikutazama, ukikosea nchi nzima imesikia. Alikuwepo kaka yetu wa bendi, Zabuloni: gitaa, akordeoni, kinanda, vyote vyake. Wimbo wa kipindi cha watoto katunga yeye. Wa hali ya hewa yeye. Wa mpira aliutunga tumesimama mlangoni tunamsubiri. Alifia kambi ya wakimbizi Tanzania, ndivyo tulivyosikia.
"Na wa taarifa ya habari, baba?"
"Ule nilipiga mimi."
Nilisema nilipiga. Sikusema nilitunga. Yeye kaandika mtunzi. Niliiona kalamu. Nikaomba chai nyingine.

Jumatano, 11 Machi. Louisville
Zabuloni hajafa. Evelyne kampata Buffalo, mtaa wa Black Rock, anakaa na binti yake. "Jumamosi twende wote, baba, mkumbatiane."
Nimelia juu ya boksi la watu, nikalifunga hivyohivyo. Furaha kweli. Kisha nikakumbuka kalamu ya Evelyne. Kitabuni jina langu limekaa kwenye kiti cha mwenyewe.
Leo sikupiga mluzi.

Jumamosi, 14 Machi. Buffalo
Amezeeka. Kiharusi kimeua mkono wa kulia. Kanishika kwa wa kushoto, hakuniachia.
"Wewe mdogo wangu bado una masikio makubwa."
Evelyne akamwambia: huyu ndiye mtunzi wa muziki wa taarifa ya habari. Nikatazama kapeti. Zabuloni akanitazama mimi, muda mrefu.
"Ndiyo," akasema. "Alipiga vizuri sana."
Angenitukana ningepona.
Evelyne akaomba niupige. Kinanda cha wajukuu kikaletwa mbele yangu. Vidole vikakaa tu. Sijui hata unaanzia wapi. Zabuloni akakivuta kwake taratibu, kwa mkono mmoja. Mimi akanisogezea kopo la mchele.
"Tikisa, mdogo wangu. Kama zamani."
Akapiga. Nikatikisa. Wimbo wote, nusu dakika, haukukosa kitu. Evelyne kaweka kalamu chini.
Nikamwambia Evelyne mimi mwenyewe: mtunzi ni huyu. Nikamwomba daftari, nikakata jina langu, nikaandika Zabuloni kwa herufi kubwa. Nimekosea herufi moja. Zabuloni kacheka, kasema acha hivyo.

Jumapili, 15 Machi. Njiani
Basi la kurudi Louisville. Mvua kidogo. Binti wa Zabuloni kanifungia maharage na ugali, bado vya moto.
Evelyne kasema nami nitakuwemo kitabuni: kayamba. Nikamwambia sawa.
Wimbo haukunidondokea. Sikuwa naoga. Nilikuwa nimesimama nyuma ya Zabuloni natikisa kayamba, na miaka yote hii nimesema uongo.