Ukuta wa Pemba, Wamaza

Jumanne, 2 Septemba

Kasongo. Kinasa sauti kimejaa vumbi tena. Nimekisafisha, nimenunua betri, nimefunga mzigo. Kesho Kabambare, halafu Wamaza. Mkuu wa redio anataka kujua kama yule mama mjiolojia anatafuta dhahabu. Nimemwambia hatafuti. Hakuamini. Huku ukigonga jiwe kwa nyundo, watu wote wanauliza swali hilo moja. Limenichosha.

Alhamisi, 4 Septemba

Wamaza. Mgongo umekufa kwa pikipiki.

Odette, yule mjiolojia, nimemkuta mtoni, chini ya ukingo mrefu kuliko nyumba. Anafundisha chuo kikuu Lubumbashi. Ameeleza kazi yake bila kuipamba. Wajiolojia hukata umri wa dunia vipande. Kipande kidogo kabisa kilicho rasmi wanakiita etaji, nacho ni miaka milioni kadhaa. Nilidhani kila etaji ina mwanzo wake na mwisho wake. Hapana. Huchaguliwa mwanzo tu, yaani chini: nukta moja ndani ya mwamba, mahali pamoja duniani, mara nyingi pale kiumbe fulani kinapoonekana kwa mara ya kwanza. Juu hapachaguliwi. Etaji inaisha pale inapoanza inayofuata. Kamati inapiga kura, kisha msumari wa shaba unapigiliwa.

Msumari wa etaji hii uko nchi nyingine, katika mwamba uliotandikwa na bahari. Odette anatafuta mahali pa pili, pa msaada, kwa miamba iliyotandikwa na maziwa kama yetu. Chavua ya mimea anayoitaka iwe alama ya mwanzo huo ameshaiona hapa. Juu yake kidogo kuna tabaka jeupe. Ni majivu ya volkano yaliyogeuka udongo, na maabara inaweza kuyapima umri. Ametafuta ukuta wa namna hii miaka mingi. Anaugusa kama mtu anayegusa gari jipya.

Tabaka hilo jeupe ndilo pemba. Wanawake wa hapa wanalichimba, wanalikausha, wajawazito wanalila. Linauzwa mpaka Kasongo.

Ijumaa, 5 Septemba

Kosa limefanyika, na ni la Odette. Alikwenda kwa shefu wa kijiji kuomba ukuta utunzwe siku chache. Angeomba kwa wanawake. Ukingo ni wao. Shefu mwenyewe hafiki pale bila kupiga hodi. Lakini ameombwa, na amefurahi kuombwa. Asubuhi tumekuta makuti mabichi yamefungwa kukata njia. Hapa makuti yakifungwa njiani hakuna anayepita mpaka aliyeyafunga ayafungue.

Wanawake walikaa juu ya vikapu vitupu. Kiongozi wao, Mama Asha, alinitazama mimi na mikro ya kinasa sauti changu, si Odette.

“Munatukatalia pemba, sawa. Bibi yako akibeba mimba atakula nini, mikro?”

Wenzake walicheka.

Odette alirudi kwa shefu kutaka makuti yatolewe. Shefu alikataa. Wageni wa Ulaya watakuja kuona jiwe, amesema. Ameshawatangazia hata wa ng'ambo ya mto.

Jumamosi, 6 Septemba

Siwezi kutulia. Nimezunguka kijiji mara nyingi bila sababu. Mawingu upande wa mashariki. Mvua zikishika, barabara imekwisha, na mto unapanda kufunika tabaka jeupe. Pemba ni ya kiangazi tu. Kinachokauka wiki hizi ndicho wanawake watakachouza mwaka mzima. Wanajua. Mama Asha amepita mara mbili kutazama makuti. Hakuyagusa.

Jumapili, 7 Septemba

Watu wametoka kanisani, wamesimama kutazama mawingu. Mkuu amepiga simu: dhahabu? Mtandao ulikatika. Afadhali.

Jumatatu, 8 Septemba

Odette amechimba chini ya pemba ili kusafisha uso wa mwamba. Shefu amemruhusu yeye peke yake, jambo lililozidi kuwachoma wanawake. Saa za mchana aliacha kupiga nyundo. Nilishuka. Chini kabisa ya udongo mweupe kuna changarawe. Chini ya changarawe kuna mizizi iliyogeuka jiwe. Maana yake ziwa lilikauka hapo. Miti ikaota, mvua ikala matabaka, kisha maji yakarudi. Muda gani ulipotea katikati? Haujulikani. Na panapohitajika nukta ya kuanzia, matabaka lazima yafuatane bila pengo.

Ukuta haufai.

Alikaa juu ya ndoo. Alisema anaweza kunyamaza mpaka achukue sampuli zote, maana umri wa majivu bado una faida kwake, na makuti yanamlindia. Nilimwambia nitaandika nilichokiona. Alisema anajua. Nilikasirika, na bado nimekasirika.

Jumanne, 9 Septemba

Uwanja wa shefu, watu wengi. Odette aliomba nafasi mwenyewe, akaniambia niwashe kinasa sauti. Akasema yote: pengo, mizizi, kwamba hakuna wageni watakaokuja kwa ukuta huu. Akasema alikosea mlango alipoomba, na akawageukia wanawake kuwaomba radhi. Uso wa shefu uligeuka mgumu kabisa.

Mama Asha alisimama.

“Sasa etaji yako haina chini?”

“Chini iko, mama. Haiko hapa.”

“Na wewe ulijua lini?”

“Jana.”

Mama Asha alikaa. Nadhani alikuwa amejiandaa kwa jibu jingine. Shefu aliingia ndani. Makuti yamebaki. Usingizi sina.

Alhamisi, 11 Septemba

Manyunyu alfajiri. Makuti hayapo. Shefu ameyafungua mwenyewe kabla watu hawajaamka, na leo hakuna anayemtania.

Wanawake wamepanga mstari kuanzia ukingoni mpaka juu, vikapu vinapita mkono kwa mkono. Nimetuma habari yangu. Dhahabu haimo.

Odette anaendelea kupima matabaka, ingawa hayatapata msumari. Mama Asha alimvuta mkono asimame upande usioporomoka. Baadaye akamkatia kipande cha pemba. Odette alikitafuna polepole, kama wanavyofanya wajiolojia wanapotaka kujua kama udongo una mchanga.

“Iko mchanga?” Mama Asha aliuliza.

“Hapana.”

Akaomba kingine.