Amri Haivuki Makupa

Magongo, Changamwe,
Mombasa.
9 Machi 1947

Mpendwa Mjomba Ruwa,

Shikamoo. U hali gani huko Jinja, na kifua chako je? Mkaza mjomba Philister hajambo? Sisi hapa tu wazima. Mama magoti yanamsumbua, lakini ulimi haujambo kabisa, dada yako unamjua.

Barua yako nimeipata. Nilimsomea Mama, naye akaniambia nikujibu kabla hasira haijapoa.

Wasema nimwache Bwana Elkana, kwa kuwa ndiye aliyenisimamia kwenye ubatizo, na kumfikisha mbele ya hakimu ni aibu kwetu. Mjomba, nakuheshimu, lakini hili sikukubalii. Aliyekupa habari alikupa nusu tu.

Kamati ya wazazi ndiyo iliyonichagua nifundishe darasa la kwanza, na ofisi ya elimu ikakubali. Bwana Elkana, kwa kuwa ndiye msimamizi wa shule, akanitoa akamweka shemeji yake, Nguma. Nikaenda kortini, kule kisiwani ng'ambo ya daraja la Makupa, hakimu akaamuru nirudishwe darasani mwangu. Bwana Elkana alipoambiwa alicheka mbele ya wazazi, akasema, "Amri ya korti haivuki Makupa."

Baadaye aliingiwa na hofu, akanirudisha. Lakini wapi? Stoo, penye majembe na mapipa ya chokaa. Nikapewa kiti bila mtoto hata mmoja, na Nguma akabaki na darasa langu. Kisha Bwana Elkana akamwambia hakimu kwamba ametii. Nilikuwa nikishinda mle kama gunia la mbegu, nikiwasikia watoto wangu ng'ambo ya ukuta wakisoma herufi. Nililia, Mjomba, sikufichi. Halafu nikachoka kulia.

Shule ile miti yake ni ya misheni, lakini makuti ni ya akina mama. Ndivyo tulivyoijenga: kila nyumba yenye mtoto ilishona sehemu yake, na kila mama anayajua ya mkono wake. Basi asubuhi moja Mama na jirani yetu Kanze wakaja na ngazi, na wengine wakafuata. Hawakumtukana mtu. Kila mmoja alipanda akateremsha yaliyo yake. Kufikia mapumziko darasa lilikuwa uwanja, na Nguma kasimama juani na chaki mkononi, hata nikamhurumia. Makuti yale wakayaezeka kando ya stoo, pakawa baraza zuri, na watoto wakaja kivulini kwangu. Nikafundisha.

Tarishi wa korti alipokuja kutazama, alimkuta mwalimu stoo na darasa halina paa. Sasa Bwana Elkana ameitwa Alhamisi aeleze kwa nini asifungwe kwa kudharau amri ya korti.

Jana alikuja nyumbani na kuku wawili. Tulimkaribisha vizuri, Mama akampa chai. Akaniomba nimwambie hakimu kwamba nilirudishwa kama inavyotakiwa, na stoo niliichagua mwenyewe.

Nikamwambia, "Baba, wewe ulisimama nami kanisani nikaapa kuukataa uongo. Leo wataka nikauseme kortini?"

Aliondoka na kuku wake.

Kwa hiyo usiniandikie tena niseme yaishe. Sitaki afungwe, nataka darasa langu. Akinipa hata Jumatano jioni, mimi mwenyewe nitamwombea kwa hakimu. Asiponipa, nitasema yote niliyoyaona, na aibu iwe yake, si ya ukoo wetu.

Alhamisi alfajiri mimi na akina mama tutavuka Makupa kwa miguu. Kama amri haiwezi kuja huku, tutaifuata huko huko.

Nisalimie sana mkaza mjomba, na mwanao Masha, ambaye nasikia sasa ni mtu wa reli na kofia haimtoki kichwani. Mungu akukinge na baridi ya huko, akupe pumzi nzuri na usingizi.

Neno moja la mwisho. Kwenye bahasha yako uliandika "Bi Kafedha", kama mtu aliyekwisha kushindwa. Andika jina langu lote.

Mimi mpwa wako, nikupendaye hata ukinikosea,

Mwalimu Kafedha